Mfenesi wa Kunjeli

Mlango wa kwanza wa Kunjeli uliliwa na mchwa kabla wali wa harusi haujapoa. Ndivyo wanavyosema watu wa kando ya mto Achankovil, na watu wale hawaongezi chumvi ila pale ukweli unapokuwa hauna ladha. Mama mkwe wake, Bi Achamma, aliuegemea mlango ule wa mwembe ili awaone vizuri wageni wanavyokula, akapitiliza nao mpaka uani, miguu juu. Ndani ya ubao hamkuwa na ubao. Mlikuwa na mchwa tu, wameshikana mikono.

"Mkosi umeingia na bibi harusi!" Bi Achamma akalia akiwa palepale chini.

"Mkosi haukuingia, mama," akajibu Kunjeli, shela bado kichwani. "Wewe ndiye uliyetoka."

Tangu siku hiyo wawili hao wakapatana kama pilipili na jicho. Na tangu siku hiyo Kunjeli akawa na hamu moja tu duniani. Hakutaka dhahabu wala ng'ombe. Alitaka mlango. Mlango ambao mchwa akiuuma, ashinde kutwa anatafuta meno yake mchangani.

Mti wa mlango wa namna hiyo ulikuwepo, tena tele. Ukisimama uani na kutazama milima ya Konni, ulichokiona kilikuwa msaji, na nyuma ya msaji, msaji. Shida ni kwamba msaji ulikuwa mti wa mfalme. Uote msituni, uote shambani kwako, ukuote sikioni ukiwa umelala, ni wa mfalme. Watu wake wanakuja na nyundo yenye alama ya kome la kupuliza, wanaugonga shinani, ko! Kuanzia hapo mti unakaa kwako kama shemeji mkorofi: humgusi, humkemei, na akipatwa na jambo unaulizwa wewe. Ukikauka, umeukausha wewe. Ukiungua, moto ni wako. Na siku wanayokuja kuukata, tembo wa kuuburuta anapita juu ya migomba yako, wala hakuna wa kukwambia pole.

Ndiyo maana kila mwanamke wa pale, akifagia uwanja asubuhi na kuona kimche cha msaji kimetoa majani mawili, alikuwa akiking'oa kabla hajasukutua kinywa. Watoto walifundishwa kung'oa msaji kwanza, Baba Yetu uliye mbinguni baadaye.

Mume wa Kunjeli, Ittira, alikuwa mtu wa vyelezo. Kule mlimani msaji ulichunwa gome kuuzunguka kiuno, ukaachwa ufe umesimama, jua likaunywa maji misimu na misimu, kwa sababu msaji mbichi ukiutia mtoni unazama kama mwizi akiona askari. Ukikauka unaangushwa, tembo anauvuta hadi ukingoni, na mvua kubwa zikija Ittira na wenzake wanayafunga magogo pamoja na mianzi, wanapanda juu, wanapika juu, wanagombana juu, mpaka bandari ya Alapuzha. Maisha yake yote alilala juu ya msaji. Nyumbani, kitanda chake kilikuwa cha mianzi, nacho kikilia kila alipojigeuza kama paka aliyekanyagwa.

Msimu mmoja alirudi na habari. "Mama Saramma," akasema, maana binti yao aliitwa Saramma, "nimezungumza na nahodha Mwarabu bandarini. Kwao, anasema, hakuna mti hata wa kumpigia mbwa. Lakini milango yao! Msaji mtupu, wa mto wetu huuhuu. Wameanza kuununua tangu enzi za babu wa babu yake. Meli msaji, mlango msaji. Na ng'ambo ya pili, pwani ya Afrika, wanaupigilia misumari ya shaba mikubwa kama vikombe, ati tembo asiusukume."

"Wana tembo wanaosukuma milango?"

"Nilimuuliza. Anasema hajawahi kumwona hata mmoja mjini."

Kunjeli akatazama mlango wake, ambao wakati huo ulikuwa kuti la mnazi lililofungwa kwa kamba. Nje, tembo wa mfalme alikuwa anapita njiani na gogo lake, akanyoosha mkonga, akang'oa kipande cha kuti, akaenda anatafuna.

"Kwa hiyo asiye na tembo ana mlango wa kuzuia tembo," Kunjeli akasema. "Na mimi ambaye tembo ananilia mlango, nina kuti."

"Ndiyo biashara, mke wangu."

"Ndiyo wazimu, mume wangu."

Jioni hiyo Ittira alikung'uta shuka yake kizingitini, na kokwa moja ya msaji ikadondoka. Hakuna aliyeijali. Mbegu ya msaji ni mvivu kuliko mkwe wa tajiri. Ina koti la manyoya magumu, na ikishajifunika koti lile hata mvua ikiiamsha inajigeuza ikalala tena. Ikalala mvua za kwanza, ikalala na za pili. Huku mchwa wakimaliza mlango baada ya mlango, hadi siku moja hawakukuta cha kula, wakala koti la mbegu. Wakaitafuna manyoya yote, wakaiacha uchi. Mvua ilipoigusa safari hii, ikaruka.

Kunjeli alikuwa na ufagio mkononi. Akaona majani mawili kando ya kizingiti, akainama kung'oa kama mama yake na bibi yake walivyoinama. Mkono ukafika, ukakataa.

"Enyi mchwa," akanong'ona, "mmekula milango yangu yote. Kumbe mlikuwa mnaniagizia mwingine."

Akachukua tenga la kuku, akaufunika mche ule.

"Kuku gani huyo halii?" Bi Achamma akauliza baada ya siku kadhaa.

"Anaatamia, mama."

Mwezi ukapita. "Bado anaatamia?"

"Mayai magumu."

Lakini msaji mchanga hukua kama uvumi. Asubuhi moja Bi Achamma alitoka, akakuta tenga liko hewani, limevaliwa na mti kama kofia. Akafungua kinywa, na kijiji kizima kingesikia.

"Ng'oa! Ng'oa kabla hatujafungwa sote!"

"Mama," Kunjeli akasema kwa sauti ndogo, "huu ni mlango. Mlango wa msaji. Huu ukiuegemea, hautakutupa."

Bi Achamma akafunga kinywa. Akauzunguka mti mara moja, polepole, mkono nyuma ya mgongo, pale palipopata maumivu siku ya harusi.

"Utakuwa na komeo la shaba?"

"Litakuwepo, mama."

"Basi funika vizuri, mjinga wewe! Majani yote yanaonekana."

Hivyo ndivyo pilipili na jicho walivyokuwa kitu kimoja. Waliutundikia mti nguo zilizofuliwa, zikawa hazianuliwi. Watu wakadhani nyumba ile inaugua ugonjwa wa usafi. Ulipozidi nguo, wakaupandishia mpilipili manga ukajisokota shina zima. Mvua zilipouchanusha, ukawa mweupe kwa maua kileleni kama kichwa cha mzee, Kunjeli akawa anawasha moto wa majani mabichi chini yake ili weupe ule udhaniwe moshi.

Ittira ndiye aliyechelewa kujua, kama waume wengi. Alirudi kutoka Alapuzha, akasimama uani, mzigo ukamtoka.

"Mke wangu! Mimi ni mtu wa chelezo cha mfalme! Wataninyonga!"

"Umeona nini?"

"Nimeona msaji!"

"Tazama tena."

Akautazama mti. Kisha akatazama macho ya mke wake, na macho ya mama yake aliyekuwa ameshika mchi. "Naona," akasema, "mfenesi."

"Umepona macho," akasema mama yake.

Lakini mfenesi huzaa. Basi kila msimu wa mafenesi Kunjeli alikwenda kwa kaka yake, akarudi na mafenesi makubwa kichwani, na Ittira akayafunga shinani kwa mafundo ya vyelezo, yale ambayo mto ukifurika hayaachii. Kwa kuwa fenesi huota shinani, ukiangalia kutoka njiani ukiwa na haraka, ungeapa ni mfenesi. Tatizo lilikuwa kiangazi. Mfenesi hauvui majani. Msaji huvua yote, na jani lake ni sikio la tembo, likianguka lasikika kama mtu anayeburuta kandambili. Bi Achamma ndiye aliyelitatua hilo, kwa kufa. Alikufa kwa uzee, usingizini, akiwa ameagiza, "Mkiniwekea mlango wa mwembe, nitarudi." Kuanzia hapo majani yalipoanguka, shwaa, shwaa, Kunjeli aliwaambia wapita njia, "Ni mama mkwe anakagua uwanja," nao wakaongeza mwendo. Na mti ulipobaki uchi? "Unamlilia."

Je, majirani walijua? Walijua wote mpaka mbuzi wao. Lakini nani angesema? Nusu yao walikuwa wamekwisha ahidiwa vipande vya kutengenezea vinu.

Miaka ikaenda. Saramma akakua, akaolewa, akazaa. Mti ukanenepa mpaka Kunjeli akiukumbatia mikono haikutani. Alikuwa anasubiri msimu mmoja zaidi tu, ndipo auchune gome. Hapo akaja Idikula.

Idikula alikuwa bwana misitu mpya, mtu wa tumbo na masharubu, na alimpenda mfalme kuliko mfalme alivyojipenda mwenyewe. Siku yake ya kwanza sokoni alimkuta Theyi, muuza samaki, jirani wa Kunjeli, amefunga samaki kwa majani ya msaji kama watu walivyofunga siku zote.

"Jani la mti wa mfalme ni mali ya mfalme," akatangaza. "Anayelitumia bila ruhusa ni mwizi wa msitu, awe nani!"

Alimfungulisha samaki wote. Theyi akasimamishwa mbele ya ofisi na jani mkononi mpaka jua likazama, kisha akarudi nyumbani na samaki kwenye upindo wa nguo. Paka wa Konni walimfuata hadi kwake, na wengine walihamia kabisa.

Mwezi wa tano, baada ya dhoruba iliyochana kila jani la mgomba, Idikula akatokea uani kwa Kunjeli na askari wawili wa msitu, mmoja amebeba nyundo ya kome. Kabla hajaketi, majirani walikuwa wamejaa uani kama ndege kwenye kamba, Theyi mbele yao.

"Mama," akasema Idikula, akitazama juu, "huo mfenesi una majani makubwa."

"Unakula vizuri, bwana."

"Na haya maganda yake..."

"Uzee. Hata mimi ngozi yangu imekwaruzika. Karibu kwanza, bwana. Mgeni haulizi akiwa na njaa."

Kwao mgeni akifika chakula kikiwa jikoni, hata akiwa amekuja kukunyonga, hula kwanza kamba baadaye. Na siku ile jikoni mlikuwa na bata aliyepikwa kwa tui na vipande vya nazi, harufu yake imeshamshika Idikula masharubu.

"Nitaukagua baada ya chakula," akasema, akajiweka barazani.

Mgeni huandaliwa juu ya jani la mgomba. Kunjeli akatoka mbio, akakuta migomba imekuwa nyuzi. Wali unapoa, mgeni amekunja mikono ya shati. Basi mkono wake ukafanya ulichozoea, maana nyumba ile ilikuwa imekula juu ya majani ya mti ule miaka yote, ya bure, mapana, hayavuji. Ukachuma jani changa, ukalifuta, ukalitandaza mbele ya bwana misitu, ukaupakua wali unaofuka moshi.

Ittira aliliona. Akaanza kumpungia mke wake, akionyesha jani, akionyesha mti, akionyesha shingo yake.

"Amesema anataka shingo ya bata," Kunjeli akamwambia mgeni, "lakini hiyo ni yako, bwana." Akamwekea.

Ndipo alipoinama kumwaga mchuzi na kuona pembeni ya wali mishipa ya jani, minene, na ukingo wake unaanza kuwa mwekundu. Jani changa la msaji ukilipa joto au ukilifikicha hutoa rangi kama damu. Alikwisha kumwandalia bwana misitu mti wa mfalme. Kumwondolea mgeni jani mbele yake, hilo halifanyiki. Ni kama kumpiga kofi. Kilichobaki ni kulificha.

"Ongeza, bwana," akasema, akamwaga upawa wa wali.

"Inatosha, mama."

"Hujala bado." Upawa mwingine.

Idikula akala. Kila alipokaribia kuliona jani, wali mwingine ulishuka kama maporomoko. Akafungua mkanda. Akala. Akafungua kifungo. Jasho likamtoka hadi kwenye masharubu, na mama anasimama juu yake na upawa kama askari. Majirani walikwisha elewa. Hakuna aliyepumua ila Theyi, ambaye alikuwa ameziba mdomo kwa upindo wa nguo na mabega yanamtikisika.

"Basi!" Idikula akasema mwishowe. "Nikiongeza punje moja nitazaa."

Na hapo hapo, pu! Fenesi moja likaachia shinani. Lilikuwa limeiva mno. Likabingirika hadi miguuni pa bwana misitu, kamba shingoni, kama mbuzi aliyekata kamba yake na kuja kumsalimia mwenye nyumba.

Idikula akaitazama kamba, kisha shina.

"Tangu lini," Idikula akauliza polepole, "fenesi likafungwa kamba?"

Akasimama, tumbo kwanza, yeye baadaye. Akanyoosha mkono. "Nyundo."

Askari akampa. Kunjeli alisimama mbele ya mti wake, upawa bado mkononi. Miaka yote ile, nguo zile, moshi ule, Bi Achamma kaburini anasubiri komeo la shaba: sasa lilikuwa limebaki pigo moja, ko!, na mti ungekuwa wa mtu mwingine. Idikula akainua nyundo.

"Bwana," akasema Theyi, "mkono wako."

Idikula akautazama. Kiganja kilikuwa chekundu, kila kidole, hadi chini ya kucha.

"Ni mchuzi."

"Osha, bwana," Ittira akasema kwa unyenyekevu, akaleta maji. Idikula akaosha. Maji yakawa mekundu. Mkono ukabaki mwekundu. Akasugua kwa mchanga. Mkono ukawa mwekundu na msafi. Mmoja wa askari alishaanza kulitazama jani pale chini, likiwa tupu sasa, mishipa yote nje.

Theyi akapita mbele, akaliokota kwa vidole viwili. "Mimi nilifunga samaki tu," akasema. "Nikasimama na jani mpaka jua likazama. Wewe umemla bata mzima juu yake. Utasimama mpaka lini, bwana? Mpaka Krismasi?"

Watu wakaangua kicheko, halafu wakanyamaza ghafla, maana Idikula alikuwa bado na nyundo. Hapo Kunjeli angeweza kumcheka; ulimi wake ulikuwa umekwisha kujipanga. Lakini alimtazama mtu yule, mkanda wazi, masharubu yanadondosha jasho, akaona mgeni aliyekula kwake. Akashusha upawa.

"Bwana Idikula," akasema, "wewe ndiye unayejua miti. Kama huu ni msaji, basi umekula juu ya mali ya mfalme bila ruhusa, tena mbele za watu. Kama ni mfenesi, umekula chakula cha mchana kwa wanao­kupenda. Sisi tutafuata utakalosema."

Bwana misitu akatazama jani. Akatazama kiganja chake. Akatazama askari wake, ambao wote wawili walikuwa wamegundua kitu cha kuvutia sana angani. Kisha akainama, kwa shida, akaliinua fenesi, akaichezea ile kamba yenye fundo la chelezo.

"Kwetu pia," akasema, "mafenesi hufungwa kamba." Akakohoa. "Yasianguke."

"Hasa upande wa dhoruba," Ittira akasema.

"Hasa huko. Mfenesi mzuri, mama. Wa zamani." Akamrudishia askari nyundo, akalikwapua fenesi, akaondoka nalo kwapani, mkono mwekundu umefichwa mfukoni. Tangu siku hiyo hakuna aliyewahi kumwona akikagua jani la muuza samaki.

Mwaka huo Kunjeli na Ittira waliuchuna mti gome kuuzunguka kiuno. Ukavua majani, safari hii bila kurudisha, ukasimama mkavu misimu kadhaa huku Idikula akipita na kuuliza, "Mfenesi wako unaumwa nini, mama?" naye akijibiwa, "Mapenzi, bwana." Ulipokatwa, mafundi walivunja misumeno na kutukana, na harufu ya mafuta yake ikajaa kijiji kizima. Majirani wakapata vinu vyao, Theyi akapata kibao cha kukatia samaki. Na Kunjeli akapata mlango, mbao mbili nzito, bawaba nene, misumari mikubwa ya shaba kama ya wale wa ng'ambo, na komeo la shaba linalong'aa. Siku ya kuutia, alikwenda makaburini kwanza, akamwambia mama mkwe, "Njoo uegemee."

Wanasema mchwa walikuja usiku huohuo, ukoo mzima, wakaulamba, wakarudi kwao wamenuna. Wanasema pia tembo wa mfalme aliusukuma kwa kichwa, akakaa chini kufikiri.

Idikula alikuwa akija kila mwezi wa tano, msimu wa bata wanono, na Kunjeli akimwandalia juu ya jani la mgomba. Kabla ya kuingia aliugonga mlango kwa kifundo cha kidole, akatega sikio, akatikisa kichwa.

"Sijaona mfenesi mgumu kama huu."

"Ni mbolea, bwana," Kunjeli akimjibu.

Naye Idikula alikuwa muungwana kiasi cha kutotazama upande wa pili wa uwanja, kwenye kisiki. Msaji ukikatwa haukubali. Mvua ikigusa kisiki hutoa machipukizi mapya, manene, yenye haraka. Hapo juu ya kisiki palikuwa na tenga la kuku, limefunikwa vizuri, na ndani yake hapakusikika kuku hata mmoja akilia. Ukitembea kijiji kile asubuhi, wakati wanawake wanafagia, ungehesabu uwanja baada ya uwanja, kila mmoja na tenga lake.